Saa ya Ukili

Bibi yangu mzaa mama aliwahi kufika alfajiri ya kesho wakati sisi wengine bado tuko saa kumi jioni.

Tulikuwa sebuleni kwa mama mdogo, Kilakala. Asubuhi ile hospitali walikuwa wamemtoa mtoto wa jicho la kulia, na jicho limefunikwa kwa pamba na plasta. La kushoto nalo lilikuwa na mtoto wake, linaona mwanga tu, wa jua au wa taa halitofautishi. Nesi alitupa sharti moja, akaninyooshea kidole mimi: plasta isiguswe, ataitoa yeye mwenyewe kesho asubuhi.

Mimi kutulia sijui. Naosha pikipiki karibu na stendi, na hata nikiosha miguu inacheza. Siku ile nilikuwa na sababu. Mjomba hakutaka bibi aletwe, alisema jicho la mtu mzima halichokonolewi. Mimi ndiye niliyepanda mlimani kumbembeleza, kwa sababu alikuwa ameshaanguka akishuka kijitoni, na huko juu anaishi peke yake. Jicho likiharibika hatashuka tena, na atabaki gizani mazima. Basi nilikuwa nakaa, nasimama, nachungulia dirishani, narudi kuitazama ile plasta.

Kijijini kwake msikiti ni mmoja. Adhana ikisikika, ni moja, na wakati ni mmoja. Mjini misikiti haingojani. Adhuhuri uliita msikiti wa karibu, bibi akasinzia kwa dawa. Ukaita wa upande wa mlimani, akazinduka, akasinzia. Ukaita wa tatu, mbali. Alasiri ilipoanza, ikawa hivyo hivyo.

"Mume wangu," akaniita. Bibi na wajukuu ni watani, na tangu nizaliwe mimi ni mume wake, tena mume asiyefaa. "Alfajiri hiyo. Nifungue."

"Bado, bibi. Jua hilo hapo nje."

"Jua unaliona wewe. Mimi nimehesabu. Adhuhuri, alasiri, magharibi, isha, hii ya tano."

Nikamweleza kwamba huku misikiti ni mingi.

"Mingi yote hiyo, na wewe hujaonekana hata mmoja."

"Tazama, simu inasema saa kumi."

"Simu hiyo hiyo iliyosema utakuja juzi?"

Akaanza kuchokoa plasta, na ncha yake ikanyanyuka. Nikaukamata mkono wake, mdomo ukatangulia akili. "Bibi, kuna nchi," nikasema.

Ile nchi nilikuwa nayo kichwani muda mrefu, naitengeneza nikiosha pikipiki. Iko nyuma ya milima yetu, juu ya mawingu, na jua halichomozi. Katikati ya mji kuna jiwe lenye tundu, na tunduni unatoka ukili, kama ule mkanda mrefu wa kushonea mkeka, ila umesukwa kwa ukungu. Nani anausuka, hakuna ajuaye. Watu wanausoma kwa vidole: asubuhi ni laini, mchana unakauka, jioni unanukia mvua. Ukiuzunguka mji mzima, siku imekwisha. Lakini mtu akichungulia tunduni, ukili wote unafumuka na siku inaanza upya.

Nikamsimulia hayo yote, naye akaacha kuchokoa. Mkono wake ulikuwa bado mkononi mwangu.

"Kwa hiyo mmbea mmoja tu, watu wote wanakula chakula cha mchana mara mbili."

"Ndiyo."

"Nchi yako kweli hiyo." Kisha akauliza, "Upana wake?"

"Kama mkanda wa begi."

"Ndiyo maana siku haiendi. Mpana unachelewa. Wafanye wa vidole viwili." Akanyoosha vidole viwili hewani. "Mimi nikikaa nao baada ya alasiri, magharibi inanikuta na pima mbili. Lete ukindu."

Majani ya ukindu ya kusukia hatukuwa nayo. Mama mdogo akaleta kamba za plastiki zilizofungia maboksi ya dukani kwa Mhindi.

"Hii saa au kamba ya mbuzi?" bibi akauliza, lakini vidole vilikuwa vimeshaanza. Alisuka kwa kupapasa, mimi nikimpimia kwa mikono. Kila pima ikifika ananiuliza, "Huko kwako wamefika wapi?" nami namwambia: wanatoka mashambani, wanakoka moto. Adhana ya magharibi iliita, ikaita tena, naye akasema, "Hao wanarudia," akaendelea kusuka. Lakini mimi ile ncha iliyonyanyuka haikunitoka rohoni. Sikujua kama uchafu umeingia.

Asubuhi, hospitalini, nesi aliiona ile ncha kabla sijakaa. Hakusema kitu, alinitazama tu, akabandua taratibu. Bibi akafumba, akafumbua. Akatazama mikono yake, mlango, kisha mimi, kuanzia kichwani mpaka kwenye kandambili.

"Mume wangu, kumbe sura ndiyo hii."

Nesi alicheka. Mimi bado. "Unaniona kweli, bibi?"

"Naona mpaka jino lililovunjika. Ungeniambia mapema nisingekubali posa."

Nesi akammulika, akasema jicho ni salama. Hapo ndipo miguu yangu ilipotulia. Mjomba akapiga simu kuuliza imekuwaje, na bibi akaninyang'anya simu.

"Niletee nguo zangu na ukindu ulioko darini," akamwambia. "Sipandi huko mpaka wanitoe na mtoto wa jicho la kushoto."