Usiniambie Hadi Jumanne

Okeyo alikuwa mchomaji nyama kule Kikopey, na mtu wa kazi hiyo Jumamosi na Jumapili si zake. Hizo ni siku za magari kujipanga kando ya barabara, wasafiri kushuka wakinyoosha viuno, na kila mmoja kuuliza mbuzi wake amefikia wapi kabla hata hajanawa mikono. Siku ya Okeyo ya kupumzika ilikuwa Jumanne, siku ambayo hakuna mwenye haraka ya kula nyama.

Shida ni kwamba binti yake, Celestine, alicheza mpira wa kikapu, na mechi za ligi zilichezwa Jumamosi mjini Nakuru, walikoishi.

Okeyo mwenyewe hakuwahi kuucheza. Alizaliwa kwenye nyumba za reli, baba yake akiwa fundi wa mabehewa, na mpira aliokua nao ni ule wa makaratasi yaliyofungwa kwa kamba. Lakini tangu Celestine aingie timu ya wasichana ya Kivumbini Sparks, mzee alishikwa na ugonjwa. Alijua faulo zote. Alijua nani anachoka robo ya tatu. Akiwa jikoni kazini alikuwa akizungusha koleo hewani, akijifunza jinsi ya kumkaba mtu bila kumgusa. Na mambo yote hayo aliyajua bila kuingia uwanjani hata mara moja, kwa sababu ya kebo ya Kihara.

Kihara alikuwa jamaa wa mtaani aliyesambaza televisheni kwa waya, kutoka paa moja hadi jingine. Pamoja na sinema na mahubiri, alikuwa na chaneli yake mwenyewe. Kila Jumamosi alimtuma mtu na kamera kwenye mechi, na Jumanne saa moja jioni akaionyesha yote, mwanzo hadi mwisho, akiingiza tangazo la duka la mabati kila mapumziko.

Hapo ndipo ilipotokea sheria ya Okeyo. Kuanzia Jumamosi mchana hadi Jumanne jioni, mtu asimwambie chochote. Matokeo, majeraha, uvumi, hapana. Alitaka kuketi mbele ya televisheni kama mtu aliyeketi uwanjani, roho juu juu, hajui kitakachotokea.

"Hata mkishinda kombe," alimwambia Celestine, "lifiche chini ya kitanda."

Ukiwa unaishi na mchezaji nyumba moja, sheria kama hiyo ni mateso kwa kila mtu. Celestine alijifunza kuingia nyumbani Jumamosi na uso kama wa karani wa serikali. Hata hivyo baba yake alimchunguza. Akiongeza ugali, mzee alinong'ona, "Tumeshinda." Akiuacha, mzee alishusha pumzi. Mwishowe msichana akawa anakula kiasi kile kile kila wiki, apende asipende. Kule Kikopey, gari likisimama na vijana waliovaa jezi, Okeyo aliwaachia wenzake meza akakimbilia nyuma kupasua kuni ambazo hakuna aliyeziomba.

Mkewe, Mercyline, ndiye pekee aliyeonekana kutosumbuka. Yeye alikuwa mweka hazina wa akina mama kanisani, mtu wa kitambaa cha buluu kichwani na sauti ya chini. Mpira kwake, alisema, ni watu wazima kugombania kitu kimoja ilhali kila mtu angeweza kununuliwa chake. Jumamosi alikuwa na mkutano wa akina mama. Jumanne, mechi ikiisha, Okeyo alimfuata jikoni na kumsimulia yote tangu mwanzo, naye akikoroga sufuria na kuuliza, "Kweli? Halafu?"

Basi ikafika nusu fainali, Sparks dhidi ya timu moja kutoka Eldoret. Okeyo alichoma nyama siku hiyo kama mtu anayesubiri mke ajifungue. Aliporudi jioni, alikuta nyumba imenyamaza. Mercyline, ambaye hupika akiimba, hakuwa anaimba. Celestine alikuwa ameinamia simu yake. Kisha chakula kikaja, na juu ya sahani ya Okeyo palikuwa na firigisi. Kuku mzima amechinjwa, Jumamosi tu, bila mgeni.

"Kuna nini?" aliuliza.

"Kwani kuku lazima awe na sababu?" Mercyline akajibu, akiangalia ukuta.

Okeyo alitafuna firigisi yake kwa huzuni. Moyoni alisema: wamepigwa.

Asubuhi yake, kwenye ibada ya mapema kabla hajaenda kazini, akina mama wa buluu walikuwa wakimwona Mercyline na kufunika midomo. Nangila, mwenyekiti wao, alimshika Okeyo mkono kwa mikono miwili mlangoni.

"Pole, Baba Celestine. Ni mambo ya dunia. Yataisha tu."

"Usiniambie!" Okeyo alimkata, akaziba masikio na kuondoka akiinama kama mtu anayekimbia mvua. Wamepigwa vibaya, alijiambia. Wamepigwa hadi kanisa linatoa rambirambi.

Jumatatu Mercyline aliingiwa na hamu ya kumtembelea ndugu yake, Wamalwa, mkulima wa viazi kule Keringet.

"Twende kesho. Tulale huko, turudi Jumatano."

"Kesho ni Jumanne."

"Ndiyo, nasema kesho."

"Mama Celestine, kesho ni Jumanne," Okeyo akarudia, pole pole, kama anayemweleza mgonjwa. Safari ikaishia hapo.

Jumanne mchana alipowasha televisheni aijaribu, skrini ilikuwa nyeusi kama sufuria ya harusi. Alimpigia Kihara, naye akaja na ngazi. Akapanda juu ya paa, akakaa kidogo huko, akashuka akikuna kichwa.

"Mzee, kuna mtu amefungua waya."

"Labda ni upepo," Okeyo akasema.

"Upepo haukunji waya," Kihara akasema. "Na haufungi kwa kamba ya aproni vizuri hivi."

Alionyesha kifundo. Kilikuwa kizuri kweli, kama cha zawadi. Kihara akaurudisha waya, na Okeyo hakuhitaji kufikiria sana: mtoto hakutaka baba aone kipigo. Alimwita Celestine sebuleni, akamketisha, akampa maneno ambayo alikuwa ameyapanga tangu Jumamosi: kwamba kushindwa si aibu, kwamba hata mchomaji bora huunguza, kwamba baba ni baba hata mtoto akikosa vikapu vyote. Alisema mengi. Celestine alikuwa akiuma midomo na mabega yake yanatikisika, na Okeyo akadhani analia.

"Huna la kuniambia?"

"Daddy, aki mimi sisemi kitu. Si ni wewe ulisema tusiseme?"

Ilipokaribia saa moja, wageni wakaanza kuingia. Peterson, makanika wa nyumba ya pili, ambaye hakuwahi kuonyesha kupenda mpira wa aina yoyote, alikuja na kigoda chake. Mkewe akaja na njugu. Watu wa nyumba za nyuma wakasimama dirishani. Okeyo aliguswa. Alijua mtaa una watu wema, lakini hakujua watakuja kumsaidia kubeba msiba.

Mechi ikaanza, na Sparks wakaongoza.

Okeyo hakuelewa. Robo ya kwanza wako mbele, robo ya pili bado wako mbele, na Celestine anapita katikati ya wasichana wa Eldoret kama maji. Akageuka kumwangalia Peterson. Peterson alikuwa akila njugu na kungojea, macho yamemtoka, kama mtu anayejua basi linapita saa ngapi.

Robo ya tatu, Celestine akaruka kuuzuia mpira, akaupata wazi kabisa, na refa akapuliza kipenga. Faulo. Okeyo akaruka kutoka kwenye kiti.

"Faulo gani? Amegusa mpira! Refa, una macho ya nini?"

Hapo kamera ikayumba ikaelekea kwenye mabenchi ya watazamaji. Mama mmoja alikuwa anashuka ngazi na mwavuli mkononi, watu wakimpisha. Aliingia uwanjani. Alikuwa ameipa kamera mgongo, na mwavuli ule ulikuwa ukipanda na kushuka mbele ya pua ya refa.

"Ehee!" Okeyo akapiga makofi. "Huyo ndiye mama! Mwambie! Mwambie, mama, usimwogope!"

Peterson aliacha kutafuna njugu. Yule mama aliuokota mpira uliokuwa umesimama sakafuni, akauweka kwapani kama kuku aliyenunuliwa sokoni, na akakataa kuurudisha. Askari wawili wa mlangoni wakaja wakimbembeleza.

"Asiwape!" Okeyo akapaza sauti. "Hapo hapo, mama! Hakuna mchezo mpaka haki ipa—"

Yule mama akageuka. Alikuwa na kitambaa cha buluu kichwani, na mkoba ambao Okeyo mwenyewe aliuchagua Krismasi.

Okeyo aliketi. Kiti kilikuwa kimesogea, akaketi chini. Hakuna aliyecheka, ingawa Peterson alikuwa amejaza shati mdomoni. Mercyline alikuwa amesimama kwenye mlango wa jikoni na chupa ya chai, na kwa mara ya kwanza katika ndoa yao hakuwa na mahali pa kuangalia.

"Mama Celestine," Okeyo akasema kutoka sakafuni. "Si ulikuwa kwenye mkutano wa akina mama?"

"Nilikuwa."

"Wapi?"

Mercyline akaonyesha televisheni kwa kidevu. Nyuma ya wale askari, kwenye mabenchi, kulikuwa na safu nzima ya vitambaa vya buluu, na Nangila katikati yao akipuliza vuvuzela.

"Tangu lini?"

"Tangu msimu uanze. Kwa kawaida tunakaa upande wa kamera, haituoni."

Okeyo alihesabu kimoyomoyo Jumanne zote alizosimama jikoni, akirusha mwiko juu kumwonyesha jinsi Celestine alivyofunga, na mwanamke huyu akiuliza halafu. Uso ukamchoma. Akasikia pia kitu kingine, chini ya aibu, kitu kama njaa: mtu huyu alikuwa ameketi pale, mita chache kutoka kwa mtoto, wiki baada ya wiki, yeye akipulizia makaa.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ulisema usiambiwe."

"Matokeo! Nilisema matokeo!"

"Ulisema chochote." Kisha akashusha sauti. "Na ningekwambia ungeumia, Baba Celestine. Wewe ndiye ulitaka kwenda. Halafu tena, ukinisimulia ilikuwa tamu kuliko nilivyoiona. Kuna ile mechi na timu ya Naivasha uliisimulia mpaka nikaunguza maharagwe, na mimi nilikuwepo."

Watu wa dirishani wakasema "Aaah" kwa pamoja. Okeyo alitaka kuendelea kukasirika lakini alikuwa bado sakafuni, na ni vigumu. Alianza kucheka kwanza kwa pua, halafu kwa tumbo, na Peterson akalitoa shati mdomoni, na nyumba ikajaa kelele.

Kila mmoja akataka kueleza alivyoificha siri ile, na walipotulia, televisheni ilikuwa inaonyesha mabati. Mechi ilikuwa imekwisha.

"Tulishinda?" Okeyo akauliza.

Peterson akaangalia dari. Mke wa Peterson akachagua njugu. Mtaa ule ulikuwa umefunzwa vizuri.

"Jameni! Tulishinda?"

"Tulishinda, Daddy," Celestine akasema. "Kwanza kocha alisema Mummy alitusaidia. Wale wa Eldoret walikuwa wameanza kutupatia presha, halafu wakangoja mpira mpaka wakapoa. Lakini amepigwa marufuku. Haruhusiwi kuingia mpaka msimu mwingine."

"Na waya?" Okeyo akamwuliza mkewe. "Ulipandaje paa?"

"Kwa meza, kisha kiti, kisha maombi," Mercyline akasema, akamwaga chai.

Fainali ilikuwa Jumamosi iliyofuata. Okeyo alimwendea bosi wake, mwenye butchery, akaeleza, na mwenye butchery, ambaye alikuwa ameiona ile mechi kwa shemeji yake, alicheka hadi akampa siku bila kuulizwa mara ya pili. Okeyo akaenda uwanjani akiwa amevaa koti la kanisani, Mercyline akibaki nyumbani. Nangila na wenzake walimpa nafasi katikati yao, wakampa na vuvuzela.

Hakuwa amejua kwamba mpira una sauti kubwa hivyo ukidunda karibu, wala kwamba viatu hulia vile. Alipiga kelele hadi sauti ikakauka kabla ya mapumziko. Alimpigia kelele refa, kocha, na mwishowe mwuza soda. Sparks walishindwa, na hawakushindwa kidogo. Timu ya Nairobi ilikuwa na wasichana warefu kama nguzo za stima, na hakuna mwavuli ambao ungesaidia.

Walitembea pamoja kurudi nyumbani, Okeyo amebeba begi la binti yake, Celestine anachechemea na malapa.

"Daddy, uliona ile niliyorusha kutoka mbali? Mwisho mwisho?"

Hakuwa ameiona. Wakati huo alikuwa chini ya benchi akitafuta kiatu chake, ambacho kilimtoka alipokuwa akiruka.

"Niliiona," akasema. "Hiyo ilikuwa safi. Iliingia hata bila kugusa chuma."

Celestine akasimama katikati ya njia. Akashika ukuta wa mtu, akacheka mpaka akaketi kwenye mawe ya bustani.

"Daddy," akasema alipopata pumzi, "hiyo ilikosa. Ilipita juu ya kila kitu ikampiga mtu wa kamera."

Okeyo alibadilisha begi bega, akaangalia mbele na heshima yake yote.

"Hata hivyo," akasema, "ulikosa vizuri."