Mukwe Wangu na Magunia ya Ndakala

Ninyi vijana mutakaosoma hii, mukisikia mutu ameshinda kesi tribinali, muulizeni kwanza amekula nini siku ile. Mimi nilishinda.

Feza ya kununua zile ndakala, samaki wadogo wa kukausha, ilitoka kwenye likelemba, mufuko wetu sisi wanawake wa soko: wote tunatia, mumoja anapokea, kisha mwingine. Mimi nilikuwa nimekwisha kupokea. Ilibaki kutia, ili wenzangu nao wapate. Nikanunua samaki kwa wavuvi, nikakausha kwenye muchanga, nikajaza magunia.

Mukwe wangu, bwana wa binti yangu wa mwisho, anaendesha lori la kwenda Manono. Alimutuma muke wake. "Mama, anasema atauza kule, akirudi anakulipa." Asingekuja mwenyewe. Kwetu mama mukwe na mukwe hawatazamani usoni, na jina lake halitoki kinywani mwangu. Nikapakiza.

Lori lilirudi. Feza, hapana. Nikituma mutu, ananiletea jibu lile lile: "Mama avumilie, barabara ni mbaya." Wanawake wa likelemba wakaanza kukaa mulangoni pangu. "Tumekuja kukusalimia tu, Mama," wanasema, na jua linazama wangali wananisalimia.

Nikaenda tribinali.

Juji akasema: "Mama, huyu aliyechukua magunia yako ni nani? Mutazame, utaje jina lake."

Nikageukia ukuta.

"Mama, unanipa mugongo?"

"Si wewe, Papa Juji. Yeye njo ninamupa mugongo."

Watu wakacheka. Mukwe akakohoa kidogo, kwa adabu kabisa. "Papa Juji, kama mama hanijui, nitamulipa deni gani?"

Hapo nikaelewa. Aliponiomba magunia alijua tangu mwanzo kwamba heshima itanifunga mudomo.

Lakini juji ni mutu wa huku. Akasema, "Basi, Mama, jibu ukiwa hapo hapo." Nikauelezea ukuta kila kitu, na mupakizaji wa lori akaapa kwamba magunia aliyabeba yeye, kwa kichwa chake. Nikapewa haki.

Mukwe akasema hana feza, na lori ni la tajiri wake. Basi nikaenda kwake na wisie, yule mutu wa tribinali anayekamata vitu vya mwenye deni. "Mama, tukamate nini?" Nikachungulia ndani. Sufuria nilizomupa binti yangu siku ya ndoa. Kitanda anacholalia na watoto. Cherehani niliyomununulia mimi, ndiyo inayowalisha. Binti amesimama pale na mutoto mugongoni.

"Turudi, Papa," nikasema. Na safari yake wisie nikalipa mimi.

Mupaka leo ninakausha samaki wa wengine ili nitie kwenye likelemba. Karatasi ya ushindi iko ndani ya sanduku, muhuri wake muzuri sana.

Juzi binti akaja, anatazama chini. "Mama, anauliza kama kuna magunia."

Nikaita nyumba nzima, binti naye akiwepo:

"Mukwe akifika hapa, mumupikie bukari na kuku, ashibe. Lakini gunia la nyumba hii halipandi lori lake kabla feza haijafika mukononi mwangu. Na asimutume tena mutoto wangu. Sasa mufunge depo ya samaki, muniletee ufunguo."