Nilipiga Picha ya Fidia Bila Mdogo Wangu

Jamani, kosa ni langu. Simsingizii shetani, siisingizii serikali, wala sisingizii njaa. Tena siku hiyo nilikuwa nimeshiba!

Mimi ni mama mtu mzima, nauza vitenge Kariakoo. Nyumba aliyotuachia marehemu baba iko hukuhuku, vyumba sita na ukumbi katikati, viwili tunakaa sisi, vingine tumepangisha. Tuliachiwa wawili, mimi na mdogo wangu, hapa nimwite Zuhura. Mirathi hatukuwahi kufungua. Tulikuwa tunaishi vizuri, tukaona karatasi za nini?

Serikali ikalitaka eneo letu kwa ajili ya barabara. Wathamini wakaja na mwenyekiti wa mtaa, nyumba kwa nyumba. Utaratibu wao, mwenye nyumba anasimama mlangoni ameshika kibao chenye namba, anapigwa picha, anajaza fomu. Zuhura alikuwa msibani Tanga, angerudi baada ya siku tatu.

Mthamini akauliza, "Mama, mmiliki ni wewe?"

"Ni mimi."

"Peke yako?"

Hapo ndipo! Mwenyekiti alinitazama, maana familia yetu anaijua. Nikamkazia macho, nikasema, "Peke yangu." Akainamia simu yake.

Nilijidanganya kwamba narahisisha mambo, Zuhura nitampa chake malipo yakitoka. Uongo mtupu! Nilishaanza kuulizia kiwanja Kigamboni, na kwenye nyumba niliyoijenga kichwani chumba chake hakikuwemo.

Fidia ilipotangazwa, ilikuwa ya majengo tu. Posho ya usumbufu hakuna, ya kupanga kwingine hakuna. Majirani tukaungana, tukaenda mahakamani. Kila mmoja akatoa kiapo cha maandishi kuhusu mali yake. Mimi nikaapa kuwa ni mrithi pekee. Nikasaini kwa mkono huuhuu!

Siku moja Zuhura akapita ofisi ya serikali ya mtaa, akasoma orodha ya wadai iliyobandikwa ukutani. Alirudi nyumbani taratibu, akaniuliza, "Dada, mimi nilikufa lini?"

Nikamfokea, eti hajui mambo ya sheria. Nafoka mimi, mkosaji! Kesho yake akaenda kuweka pingamizi.

Majirani walishinda. Wakalipwa na posho zao, wakahama, nyumba zikavunjwa. Yetu ikawekwa pembeni mpaka ijulikane ni ya nani. Tumebaki sisi tu kwenye vifusi, ukutani alama nyekundu ya X. Wapangaji wamekimbia. Kuuza siwezi, kuhama sina pa kwenda. Na Zuhura yuko chumba kinachotazamana na changu, tunapishana ukumbini bila neno. Yule aliyekuwa haanzi siku bila kunipa shikamoo! Inaniuma, jamani.

Juzi nilijikaza, nikamwomba aondoe pingamizi tugawane.

"Kaseme mahakamani ulichofanya," akasema. "Kwa mdomo wako. Nitaliondoa siku hiyohiyo."

Nikamkimbilia wakili wangu. Akashtuka. "Mama, ukisema hivyo umekiri kuapa uongo. Unaweza kufungwa." Sasa niambieni. Nikinyamaza nimekwama, nikisema naenda ndani!

Jana akaja dukani shoga yangu wa mtaa wa nyuma. Wathamini wanafika kwao wiki hii, na kaka yake, aliyeachiwa nyumba pamoja naye, yuko Mwanza. "Shoga, si niandike jina langu tu, mambo yasichelewe?"

"Usithubutu! Mpigie kaka yako leo hii."

Akacheka. "Mbona wewe uliandika lako?"

Nikachukua kitenge, nikaanza kukikunja, na kilikuwa kimeshakunjwa. Wateja wamesimama, wakili kaniziba mdomo, ningemjibu nini? Akaniaga, akaenda zake.

Shoga, kama unasoma hapa, jibu lako ndilo hili. Wakikuuliza mmiliki ni nani, taja wote, hata uliyegombana naye, hata aliye mbali. Wakisema hawawezi kusubiri, wewe subiri! Na nyie wengine wenye nyumba za urithi, fungueni mirathi mapema, msijione wajanja kama mimi.

Haya yote nimeweza kuyasema hapa kwa sababu hamjui jina langu. Kesi yetu inatajwa Alhamisi. Zuhura atakuwa amekaa benchi la mbele, ananisubiri niseme.