Neno la Mama Yona Lililokatikia Kwenye Kiboksi

Kwanza niseme hili ili tusije tukagombana katikati ya safari: sikuwa nimelewa, sikuwa nimelala, na haukuwa usiku. Ilikuwa saa nane mchana, jua la Iguguno limekaa utosini, na akili zangu zote nilikuwa nazo. Nimechoka na watu. Kila ninayemsimulia jambo hili ananiuliza kama siku hiyo nilikuwa nimekula. Nilikuwa nimekula ugali na mlenda, nikashiba. Kama hutaki kuamini, nenda zako, lakini usiniulize tena habari ya chakula.

Mimi ni fundi wa mashine ya kukamua alizeti. Kazi yenyewe ni makelele toka asubuhi hadi jioni, mpaka ukirudi nyumbani mke anakuongelesha unasikia mota. Ndiyo maana shemeji yangu aliniletea kutoka Dodoma earphone zile ndogo zisizo na waya, za kuchomeka masikioni. Nikafurahi kweli. Miezi minne nilikamua alizeti huku nasikiliza mpira na kwaya, nikajiona mtu wa maana.

Halafu kiboksi kikapotea. Nasema kile kiboksi chake cha kuchajia, unachotia earphone ndani zikajaa chaji. Nilikitafuta kwenye mashudu, nikakitafuta chini ya mkanda wa mashine, nikawatazama wateja mifukoni kwa jicho baya, na wengine niliwauliza uso kwa uso, Mungu anisamehe. Nikapanda gari hadi Singida Mjini kwa fundi simu. Unajua aliniambia nini? Kwamba kiboksi peke yake hakiuzwi, ninunue seti nzima, na hivi vya masikioni nitupe. Nitupe kitu kizima ambacho hakijavunjika hata ukucha? Nikamwuliza, aliyetengeneza kitu hiki hana watoto? Akacheka. Mimi sikucheka.

Basi sikuzitupa. Chaji ilipokwisha niliendelea kuzivaa hivyohivyo zikiwa zimekufa, nikiziba nazo makelele. Na hapa niseme ukweli ulioniponza: niligundua zimenipa raha nyingine. Mtu akija kunisemesha jambo nisilolitaka, nilikuwa naonyesha sikio kwa kidole, yaani sikusikii, nina kitu hapa. Watu wanaelewa. Wanaondoka. Hakuna aliyejua kwamba hazina chaji na kwamba nikitaka kusikia, nasikia. Usinikunjie uso. Wewe hujawahi kufanya hivyo? Hata mara moja?

Sasa pale kwetu mashineni kuna utaratibu. Mkulima akifika na gunia lake analiweka kwenye mstari, anaenda zake kwenye shughuli nyingine. Gunia ndilo linapanga foleni. Likisogea moja mbele, yanasogea yote, na hakuna mtu, hata awe mkubwa wa namna gani, anayetoa gunia la mwenzake mstarini. Hata mwenyewe asipoonekana siku tatu, gunia lake linasogezwa tu pamoja na mengine.

Siku moja akaja Mama Yona na gunia lake, limeletwa kwa mkokoteni. Huyu mama alikuwa mjane, mwembamba, mkali, na alikuwa na jambo lake ambalo Iguguno nzima tulilijua. Mwanawe wa pekee, Yona, tuliyesoma naye darasa moja, hakuja kumzika baba yake. Alikuwa mjini, alipewa taarifa, hakuja. Sababu anaijua yeye. Siku ya kuanua matanga mama alisimama mbele ya watu wote akasema Yona asikanyage nyumbani kwake mpaka yeye mama, kwa mdomo wake, atamke kwamba amempa radhi. Mwaka wa tatu ulikuwa unakwenda na hajatamka.

Alisimama karibu yangu, akanisalimia yeye kwanza. Mama wa umri ule anisalimie mimi, wakati mimi ndiye wa kusema shikamoo. Mashine ilikuwa inanguruma, lakini nilimwona mdomo unavyokwenda, na nilisikia jina la mwanawe. Nikajua anataka kunieleza habari ndefu. Nilikuwa na njaa, mkanda ulikuwa unateleza, foleni ndefu. Nikaonyesha sikio kwa kidole. Akasimama kidogo, akanitazama, akasema tena. Nikaonyesha tena. Akafunga mdomo wa gunia lake kwa kipande cha khanga ya njano, akaliacha mwisho wa mstari, akaondoka kwa miguu.

Asubuhi ya siku ya pili yake majirani walimkuta amefariki kitandani.

Kwenye mazishi Yona alikuja. Alikuja safari hii, lakini wazee wa ukoo walimwambia neno la mama yake halijatenguliwa, kwa hiyo akae nje ya ua. Alikaa. Mvulana niliyecheza naye, sasa mtu mzima mwenye mvi za kwanza, alisimama nje ya ua wa kwao akisikia mama yake anazikwa ndani, na hakutupa hata udongo. Mimi nilishindwa kumtazama, na wakati ule hata sikujua kwa nini.

Sababu nilipewa wiki iliyofuata na Mama Neema, anayeuza chai hapo jirani na mashine. Akaniambia kwa utaratibu, huku anaosha vikombe, kwamba siku ile Mama Yona alikuwa amekuja kuniomba nimpigie mwanawe simu kwa kuwa namba yake ninayo. Alitaka kumwambia jambo. Nikamwuliza Mama Neema, na wewe ulikuwa unamsikia, mbona hukuniambia? Akanijibu kwamba aliniona nina vitu masikioni akadhani nimekataa. Nilikasirika sana. Nilimkasirikia yeye, nikamkasirikia marehemu kwa kutokuandika hata karatasi, nikamkasirikia fundi simu wa mjini. Watu wote hawa wana midomo, na aliyebebeshwa mzigo ni mimi?

Gunia la khanga ya njano lilikuwa bado mstarini. Hakuna aliyethubutu kulitoa. Lilisogea, likasogea, mpaka siku hiyo saa nane mchana likafika mbele kabisa, zamu yake. Nikainama nilifungue, umeme ukakatika.

Wateja wakatoka kwenda kukaa kibarazani kwa Mama Neema. Mimi nikabaki peke yangu ndani, mashine kimya, earphone zangu zimezima masikioni kama kawaida. Ya kulia ilikuwa imekaza vizuri. Ya kushoto mpira wake ulikwisha chanika, ilikuwa inalegea mpaka niishike kwa kidole. Nikasikia mtu anapumua. Halafu sauti, kwenye sikio la kushoto, karibu kabisa, ikaniita jina langu la utotoni.

Niamini, nilizitoa haraka. Kimya. Nikasikia kuku nje na kicheko cha wateja. Nikazirudisha. Anapumua. Sasa niambie, kitu ambacho wiki tatu hakina chaji kinapumua kwa umeme gani?

Nikainua kichwa. Mama Yona alikuwa amesimama upande wa pili wa gunia lake, amevaa khanga zake za siku zote, miguu ina vumbi kama aliyetembea. Mdomo wake ulikuwa unakwenda. Nikaitoa ya kushoto: mdomo unakwenda, hakuna sauti. Nikairudisha nikaishikilia kwa kidole, sauti ikaja, Kinyiramba chake kilekile cha polepole. Ya kulia haikutoa kitu. Ni hiyo ya kushoto tu, iliyolegea.

"Leo unanisikia?" akaniuliza.

Nikamwambia shikamoo, mama. Akaitika marahaba. Na hasira nilikuwa nayo vilevile, sikufichi. Nikamwuliza kwa nini amenifuata mimi, wakati siku ile palikuwa na watu kumi hapo mashineni wenye simu na masikio.

"Wewe ndiye niliyekuomba," akasema. "Yule mtoto yuko nje ya ua, na mimi siwezi kutoka mpaka neno langu litoke. Mpigie. Mwambie mama yako anasema hivi kuhusu radhi yake. Mwambie..."

Na hapo, katikati ya neno, akanyoosha mkono juu ya gunia akanipa kitu. Nikatazama. Kilikuwa kiboksi changu.

Alikitoa wapi? Sijui. Najua tu kwamba mimi nimelelewa na bibi aliyekuwa anatuchapa. Mtu mzima akikupa kitu, unakipokea kwa mikono miwili na unainama kidogo. Ukipokea kwa mkono mmoja umemtukana. Jambo hilo kwetu halifikiriwi, mikono inakwenda yenyewe. Ikaenda. Nikaachia sikio, nikapokea kwa mikono miwili, nikainama, na ile ya kushoto ikachomoka ikaanguka juu ya gunia.

Nikaiokota. Na sasa nakuomba usinitukane, kwa sababu nimeshajitukana mimi mwenyewe vya kutosha. Wiki tatu nilikuwa nimekililia kiboksi kile. Nilikifungua, nikaitia earphone mahali pake, nikasubiri taa iwake. Ikawaka, nyekundu. Nikafurahi. Marehemu amesimama mbele yangu anasema neno ambalo mtoto wake amelisubiri miaka mitatu, na mimi nimeinamia taa nafurahi.

Nilipozinduka nikaichomoa, nikaichomeka sikioni. Ikaongea, naam. Alikuwa yule dada wa ndani ya earphone anayesema Kiingereza kwamba imewaka na imeunganishwa na simu. Halafu kwaya ikaanza, kwaya niliyoiacha katikati siku chaji ilipokwisha. Nikainua uso, nikamwona Mama Yona anafunga mdomo. Alikuwa amemaliza. Akatikisa kichwa kama mtu aliyekabidhi mzigo wake, akageuka, na mlangoni sikumwona anapita. Umeme ukarudi, mashine ikanguruma.

Mama Neema aliniona kutokea kibarazani nimenyoosha mikono miwili mbele ya gunia, naongea peke yangu. Anasema hakukuwa na mtu. Nimemwonyesha kiboksi. Anasema huenda kilikuwa mfukoni mwangu siku zote. Mfuko gani huo? Nina mfuko mmoja, na umetoboka.

Nilimpigia Yona. Ningefanya nini? Nikamweleza yote, hata habari ya kidole na sikio. Kesho yake alikuwa amefika. Tukaenda naye kwa wazee wa ukoo, nikasimulia. Wakasikiliza vizuri, wakasema wanaamini mama alikuja, lakini neno halikufika, na neno lisilofika hawawezi kulitekeleza. Radhi au laana, nani ameisikia? Nyumba ipo imefungwa, paa limeanza kubonyea, na Yona hajaingia.

Mama Neema alinishauri niseme tu kwamba alimsamehe, yaishe. Nilijaribu. Nilifungua mdomo mbele ya Yona, nikamtazama, nikashindwa. Huwezi kumdanganya mtu juu ya neno la mwisho la mama yake halafu ukalala.

Earphone zinafanya kazi vizuri kabisa, nimezifungia kabatini na kiboksi chake. Nimezisubiri zife chaji mara tatu, nikazivaa zikiwa zimekufa, nikakaa mbele ya mashine umeme ukikatika. Hakuna anayepumua. Na mafuta ya gunia lile nimeyaweka kwenye dumu pembeni, hakuna anayeyagusa.

Kila siku ya mnada Yona anakuja kutoka mjini. Hagombi, na afadhali angegomba. Anakaa juu ya gunia tupu, ananisubiri nizime mashine, halafu ananiuliza swali lilelile. Haulizi tena maneno, kwa kuwa anajua sikuyasikia.

"Ndugu yangu, uso wake ulikuwaje alipokuwa anasema?"

Na mimi kila siku ya mnada namjibu hivyohivyo, kwamba sikumtazama, nilikuwa natazama kama taa imewaka.

Sasa wewe unayejifanya husikii huku unasikia, cheka ukipenda, sema nilikuwa na njaa. Lakini mtu akija mbele yako na neno lake, toa kidude hicho sikioni, weka chini chochote ulichoshika, hata kama amekipa yeye, mtazame usoni, na msikilize mpaka anyamaze mwenyewe.