Aliyenishikia Mpira

Kila nikisikia nyundo ikigonga kigingi, mwanangu, nakumbuka siku moja kule kwetu Kikima, na hata leo na mvi zangu hizi uso hunipata joto. Usinicheke. Mzee naye huona haya, tena haya ya mzee ni nzito kwa sababu ameishi nayo muda mrefu. Lakini siku hiyo ya nyundo hutaielewa mpaka nikupeleke kwanza Marekani, maana kosa lilianzia huko.

Nilikwenda miaka ya sabini. Wamishenari wa kanisa letu walinitafutia nafasi ya chuo, na Mbooni nzima ikanisindikiza kwa maombi na kuku wa kukaanga. Nilikwenda kusomea ualimu. Ualimu niliusoma, ndiyo, ila mguu wangu wa kulia ulinitangulia. Siku moja nilikuwa nikicheza soka na wenzangu nyuma ya bweni, kocha wa chuo akapita, akaona mpira nilioupiga ukivuka paa. Kesho yake akaniletea mpira wao. Mwanangu, ule si mpira. Umechongoka huku na huku kama papai bichi, na wenyewe huukumbatia mikononi, wakakimbia nao na kuangushana mpaka mifupa inalia. Eti hiyo ndiyo futiboli. Mguu hutumika mara chache tu, na kwa kazi hiyo kuna mtu wake. Yeye hukaa kwenye benchi karibu mchezo wote, nguo safi, halafu huitwa aupige mpira upite katikati ya milingoti miwili. Akifaulu wanambeba. Akikosa, atafute pa kujificha.

Mtu huyo nikawa mimi. Nilipomaliza chuo timu ya kulipwa ikanichukua, na uwanja mzima ukawa unaniita Koko, kwa sababu jina langu, Kioko, liliwashinda kutamka.

Sasa sikiliza vizuri hapa. Mpigaji hapigi peke yake. Mpira ule hausimami wenyewe. Lazima mtu apige goti, audake unaporushwa kutoka mbele, ausimamishe chini na kuushikilia kwa ncha ya kidole, huku wewe unakuja mbio na mguu wako wote. Yeye haangalii mguu wako. Anaangalia mpira. Amekuachia vidole vyake. Aliyenishikia mimi aliitwa Dani.

Dani alikuwa mchezaji wa akiba, amepita miaka thelathini, na kwa mchezo ule huyo ni mzee. Magoti yalikuwa yamekwisha na vidole vimepinda. Kazi iliyombakia ni kunishikia tu, na ndiye aliyenifundisha. Asubuhi kabla wengine hawajafika, yeye alikuwa goti chini kwenye baridi ambayo mbuzi wa Kyuso asingeivumilia, na wimbo wake ulikuwa mmoja: "Kichwa chini, Kioko. Usiinue kichwa kutazama mpira unaenda wapi. Ukipiga vizuri watu watakuambia kwa kelele."

Yeye peke yake ndiye aliyelitamka jina langu sawasawa. Jumapili alinichukua nyumbani kwake, mkewe akanipikia, nikala kama mtoto wao. Na Dani alikuwa na tumaini moja. Meneja mkuu wa timu alikuwa amemwahidi kwamba msimu ukiisha vizuri atampa ukocha msaidizi. Hakujua kazi nyingine duniani ila mchezo ule. Kila alipoitaja habari hiyo alikuwa akipangusa mikono kwenye suruali, kama mtu anayeitwa mezani.

Ikaja mechi ya mwisho. Tukishinda tunasonga mbele, tukishindwa tunaenda nyumbani. Zimebaki sekunde chache, tumepungukiwa pointi mbili, na mpira ukipita milingotini ni pointi tatu, nikaitwa. Mpira ukarushwa, Dani akaudaka, akausimamisha, wima kama mshumaa. Na mimi nikainua kichwa. Unajua kwa nini? Watu walikuwa wakiita Koko, Koko, nami nikataka kuuona mpira unapita, na kuwaona wao wakiniona. Mpira ukaenda kando. Kelele zote zikazimika, na mle kimyani nilijua kabisa nilichofanya.

Kwenye chumba cha kubadilishia nguo waandishi wa habari wakanizingira na maikrofoni zao. Kulitokea nini? Basi, wapigaji wana desturi yao, na hakuna asiyeijua: hata mshikaji akiuangusha mpira, wewe sema "Nilikosa mimi," ufunge mdomo. Ulimi hauna mfupa, mwanangu. Wangu ukajipinda, ukasema, "Mpira haukuwa umesimama vizuri."

Dani alikuwa ameketi pale karibu, anabandua plasta kwenye vidole. Maikrofoni zote zikamgeukia. Akanitazama. Hakukasirika. Alinitazama kama mtu anayengoja mwenzake amalizie sentensi. Nikainama kufungua kamba za viatu ambazo nilikwisha kuzifungua. Ndipo nikamsikia akisema, "Ndiyo. Mpira uliniteleza kidogo. Kosa ni langu."

Huko hawamwambii mtu kwamba amefukuzwa. Karani wa ofisi huja polepole akasema, "Kocha anakuita, uje na kitabu chako." Kitabu hicho kina mbinu za timu, na ukiambiwa ukirudishe umekwisha. Kesho yake nilimwona Dani akipita na kitabu kwapani. Ukocha nao ukaenda, maana meneja alisema kwamba aliyeshindwa kushika mpira hawezi kukabidhiwa vijana. Dani alipofika niliposimama akanigusa bega. "Kichwa chini," akasema, akaenda zake. Ningeweza kumfuata mpaka mlango wa meneja, haukuwa mbali. Nilikwenda kula chakula cha mchana.

Nilipata msimu mmoja zaidi. Walinipa mshikaji mwingine, kijana hodari, lakini kila nilipokuja mbio shingo ilikuwa inapanda yenyewe. Karani akanijia na mimi. Nikarudi nyumbani, nikapata kazi ya kufundisha Matiliku, mwisho wa wiki napanda Kikima kwa mama.

Ungedhani nimejifunza. Watu walitaka hadithi za Marekani, nami nikawapa. Tulikuwa tushinde, nikawaambia, ila palikuwa na mzungu mmoja hajui kushika mpira. Kila nilipoisimulia, mikono ya Dani ilizidi kuharibika. Wazee husema nyani haoni kundule.

Ndipo ikaja siku ile ya nyundo. Wewe umekulia mjini, kwa hiyo nikueleze: mwethya ni majirani, kina mama kwa wingi, wanaolimiana mashamba kwa zamu huku wakiimba. Zamu ilikuwa yetu, tuchimbe matuta ya kuzuia maji kabla mvua haijaanza. Kwanza hupigiliwa vigingi, kamba ya mkonge ivutwe, ndipo watu wachimbe kwa kuifuata. Ardhi ilikuwa kavu kama kigae, kigingi hakisimami bila kushikwa. Nani achukue nyundo kubwa? Mwalimu bila shaka, mtu wa Marekani. Mama akapiga goti, akanishikia.

Syombua, mwenyekiti wa mwethya, hakuwa mtu wa kukosa neno. "Mwalimu, hii si ile papai yako ya wazungu," akasema. "Chunga, huyu mama tuko naye mmoja tu!"

Wakacheka, nami nikapata raha ya kutazamwa. Nikainua nyundo juu kabisa. Nikainua na kichwa, niwaone wanavyonitazama. Nyundo ikatua kwenye kidole cha mama.

Hakupiga kelele. Alivuta pumzi tu, na wimbo ukakatika. Kabla hajaulizwa lolote akasema, "Ni mimi nilisogea."

"Aki Mama Kioko," Syombua akamgombeza, "umri huu wote bado hujui kushika mti?" Wengine wakacheka kidogo, kile kicheko cha watu walioshtuka. Nami nilisimama pale na nyundo yangu, nikanyamaza. Mwanangu, nilinyamaza! Mama yangu mzazi damu inamtoka, anagombezwa kwa kosa langu, na mimi nimefunga mdomo. Mchuma janga hula na wa kwao.

Tulishika njia ya kwenda zahanati, kidole kimefungwa kwa leso. Tulipobaki wawili nikasema, "Mama, hukusogea."

"Najua."

"Mbona ukasema hivyo?"

"Nimekuzaa. Nikikufunika si ajabu." Tukatembea kidogo. Halafu akasimama. "Lakini ulinyamaza haraka sana, Kioko. Mtu hanyamazi hivyo mara ya kwanza. Huko ulikotoka, nani alikufunika?"

Nilikaa chini kando ya njia, mwalimu mzima na suruali ya kupigwa pasi, nikalia. Nikamweleza yote, tangu baridi ya asubuhi mpaka kitabu kwapani. Alinisikiliza ameinua mkono wake juu ili damu ipungue. Nilingoja anibembeleze, kama alivyonibembeleza siku zote.

"Na yule pia ana mama," akasema. Kisha akaniuliza, "Huo uongo uliusemea wapi?"

"Mbele ya watu."

"Basi usiniletee mimi ukweli wake hapa kwenye njia ya mbuzi. Upeleke kulekule."

Siku hizo kupiga simu ng'ambo ni safari. Nilishuka mpaka posta ya Machakos, nikaomba laini, nikakaa kwenye benchi nikingoja karani aniite. Mkewe ndiye aliyepokea. Baadaye nikamsikia Dani. Sasa alikuwa dereva wa lori la maziwa. Nikamwambia, "Niliinua kichwa."

"Nilijua, Kioko," akasema. "Kidole changu kilikuwa juu ya huo mpira." Kisha akaniambia kwamba kocha amekufa, meneja amehamia timu nyingine, na waandishi wale hata jina lake hawalikumbuki. "Asante umeniambia. Lakini mimi sikuwa na haja ya kuambiwa. Wao ndio walikuwa na haja, na sasa hawapo."

Hakulisema kwa ukali. Afadhali angenitukana. Akaniuliza kama mama yangu hajambo, nikamjibu kwamba ameumia kidole. Hakuniuliza aliumizwa na nani, nami sikumwambia. Unaona, mwanangu, ulimi ukizoea njia hauiachi kwa siku moja.

Nikatoka pale posta nikijua kwamba kwa Dani nimechelewa, na maji yakimwagika hayazoleki. Lakini wale wa mwethya walikuwa bado wapo. Zamu iliyofuata ilikuwa ya Syombua mwenyewe. Kabla hawajaanzisha wimbo nikaomba ruhusa ya kusema. Nikasema, "Siku ile mama hakusogea. Niliinua kichwa nitazamwe. Halafu nikanyamaza akigombezwa. Na ile hadithi yangu ya mzungu asiyejua kushika mpira ni uongo. Aliushika vizuri. Aliyekosa ni mimi, na yeye ndiye aliyepoteza kazi."

Hakuna aliyecheka. Syombua akaegemea jembe lake. "Hiyo ya mzungu hatukujua," akasema. "Lakini ya mama yako tuliona sisi wote, mwalimu. Nilimgombeza yeye ili useme wewe. Tulikuwa tunakungoja tu."

Walikuwa wameona. Wote. Nilidhani nimejificha, kumbe nilikuwa uchi shambani mchana kweupe, na wao kwa adabu yao wakatazama kando.

Mama alichukua kigingi, akapiga goti, akakishika kwa mkono uleule, kidole kimefungwa kijiti na kuchomoza kando. "Haya," akasema, "gonga."

Nikagonga. Kichwa chini. Nyundo ilikuwa nzito na macho yamejaa machozi, lakini sikumgusa. Kidole kile hakikunyooka tena. Alikula nacho, akalima nacho, akawashika watoto wangu nacho, na tukamzika nacho.

Kwa hiyo mwanangu, nasaha yangu ndiyo hii. Popote utakapofika, iwe uwanjani, ofisini au kwenye kiti cha meneja, jua kwamba yupo mtu chini amekupigia goti na vidole vyake viko karibu na mguu wako. Usimtupie kosa lako, hasa akikubali kulibeba, maana anayekubali kulibeba ndiye anayekupenda. Kukosa si kosa, walisema wahenga, kosa ni kurudia kosa, na mimi nililirudia juu ya mkono wa mama yangu. Na ukimchafua mtu mbele za watu, msafishe mbele ya watu walewale, tena upesi, kabla hawajatawanyika. Ukweli niliompelekea Dani ulikuwa kama barua iliyofika nyumba ambayo wenyewe wamekwisha kuhama.

Mungu akupe mguu wenye nguvu na shingo inayojua kuinama. Akuzungushie watu wa kukushikia, na siku utakapokosa akufungue kinywa useme "ni mimi" wao wangali wanasikia. Nenda salama, mwanangu. Kichwa chini.