Jibu Nililomfutisha Neema

Mimi ni fundi wa mageti hapa Olasiti. Wazazi walipofariki niliacha shule nikiwa darasa la sita, ila mdogo wangu Neema nilimwambia nilimaliza kidato cha nne. Uongo huo ndio uliomfanya anitii kwenye masomo.

Wiki iliyopita nikakagua daftari lake. Swali lilisema: mraba wa mita moja kila upande, kona kwa kona ni ngapi? Aliandika kwamba desimali zake haziishi. Nikacheka. Vyuma vya kona kwa kona vya mageti si ndivyo ninavyokata kila siku? Nikamfutisha, nikamwandikisha mita 1.41 kamili.

Juzi mwalimu wake akaniita shuleni. Njia nzima nikawaza: Neema akiujua ukweli, atanisikiliza tena?

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Nani alimfutisha huyu jibu sahihi?"

Neema, aliyesimama kando yake, akainama, hakunitaja. Mwalimu akachora mraba ule sakafuni kwa chaki, na mstari wa kona kwa kona. "Haya fundi, pima."

Nikavuta futi. Mstari ukapita sentimita 141, ukapita milimita nne, ukaishia kati ya vistari viwili, mahali ambapo futi yangu haina namba.

"Kaka," Neema akanong'ona, "kwani kidato cha nne hawakuwafundisha hii?"