Sauti ya Vikenti Iliyobaki kwenye Utepe

Saa kumi na mbili kasorobo jioni, theluji bado imekaa mabegani mwa watu, na Vikenti Hrynkevich anagombana na koti.

"Mama, kitanzi chake kiko wapi? Nilitundike kwa sikio?"

"Kazi yako kutundika, mzee, si kuhoji!" mwanamke anamjibu. Foleni inacheka.

Vikenti, mwenye umri wa miaka sitini, hupokea na kutunza makoti ya watazamaji katika jumba la michezo ya kuigiza hapa Minsk. Mshahara wake ni ruble 780 kwa mwezi. Hana mke wala mtoto.

"Kila jioni nashika makoti mia tatu, yote yana joto la watu," anasema. "Nyumbani kuna msumari mmoja na koti moja."

Mwanamume mmoja anamkazia macho. "Si wewe yule mtoto wa kwenye filamu ya farasi? Hebu tusemee yale maneno yake!"

Vikenti anakohoa kidogo. "Msimfunge, atarudi mwenyewe."

"Aa, wapi! Hiyo siyo sauti yake." Anachukua kibao chenye namba ya koti lake na kwenda zake.

Kweli, siyo. Mwaka 1974, akiwa na miaka tisa, Vikenti alichaguliwa shuleni kijijini kwao kuigiza katika filamu ambayo televisheni huirudia hadi leo. Enzi hizo za Kisovieti, sauti za watoto mara nyingi ziliingizwa baadaye na waigizaji wa kike, watu wazima. Uso ni wa Vikenti. Sauti ni ya mwanamke ambaye hakuwahi hata kuonana naye.

Aliigiza filamu nyingine mbili. "Nilipoota ndevu, simu ikanyamaza."

Lakini kinachomuuma ni kingine. Aliyemlea ni bibi yake, Yuzefa, ambaye alikuwa haoni. Filamu ilipofika kijijini, Vikenti alimshika mkono, akamketisha safu ya mbele.

"Katikati akaniuliza, 'Mjukuu wangu, mbona husemi?' Nikamwambia, bibi, huyo anayesema ni mimi. Akautoa mkono wake mkononi mwangu. 'Wamekutoa kwenye filamu, nawe unanidanganya. Sauti yako mimi nisiijue?'"

Bibi alifariki miaka mitatu baadaye, akiamini hivyo.

Mwezi uliopita, Alesia, mtunza kumbukumbu wa studio, alimpigia simu. Umepatikana utepe wa sauti zilizorekodiwa siku zenyewe za kupiga filamu ile ya kwanza, kabla ya sauti ya yule mwanamke kuingizwa. Ila umekauka. Huenda ukachezwa mara moja tu, ukakatika.

"Nilimwambia, mwanangu, nakuomba, usiuguse mpaka nije."

Jumatatu, siku yake ya mapumziko, atapanda basi kwenda studio. Alesia alitaka amwekee na filamu yenyewe, atazame huku akisikiliza. Vikenti alikataa.

"Picha ya nini? Uso ule kila mtu anaujua," anasema, akipokea koti jingine. "Nataka nikae kama bibi alivyokaa, nisikie tu. Nijue kama kweli nilikuwemo."